Takwimu hewa: maana na matumizi yake

Takwimu hewa ni tarakimu inayotajwa kama matokeo ya kuhesabu au kupima, ilhali hakuna aliyehesabu wala kupima kitu chochote ambacho kingeweza kuizaa. Maana hii ni finyu kuliko ile inayosikika katika mabishano ya kila siku, ambamo mtu huita takwimu hewa kila namba isiyompendeza, lakini ndiyo maana yenye manufaa, na ndiyo itakayoshikiliwa hapa. Namba inaweza kuwa na kasoro bila kuwa hewa, kama sensa iliyoruka baadhi ya kaya. Vilevile inaweza kuwa hewa hata kama kwa bahati imeangukia karibu na ukweli. Swali la kuuliza ni moja: nani alihesabu, lini, na alihesabu nini?

Kisarufi, neno hewa likiifuata nomino moja kwa moja hufanya kazi ya kivumishi kisichobadilika kwa ngeli wala kwa umoja na wingi: mtumishi hewa, watumishi hewa, mradi hewa, malipo hewa, takwimu hewa. Ukipachika kiunganishi katikati, maana inahama, kwa sababu takwimu za hewa zitaeleweka kuwa ni vipimo vya hewa yenyewe, kwa mfano kiasi cha vumbi na moshi kinachopimwa mjini.

Matumizi haya yalienea sana Tanzania mwaka 2016, ingawa yalikuwepo kabla ya hapo, pale serikali ya Rais John Magufuli ilipofanya uhakiki wa orodha ya mishahara na kuondoa majina zaidi ya 10,000 ya watumishi hewa, yaani watu waliokufa, waliostaafu, walioacha kazi au ambao hawakuwahi kuwepo, lakini mishahara yao iliendelea kulipwa. Katika uhakiki wa mwaka huohuo walibainika pia wanafunzi hewa, majina yaliyokuwa kwenye rejista za shule bila mtoto darasani, katika kipindi ambacho shule zilikuwa zimeanza kupokea ruzuku ya elimu bila malipo kulingana na idadi ya wanafunzi. Mambo haya kwa kawaida husimuliwa kama habari za wizi, na ni kweli yalikuwa hivyo, lakini yana upande wa pili ambao hautajwi sana: rejista na orodha ya mishahara ndizo chanzo cha takwimu za elimu na za ajira. Mwalimu hewa mmoja humfanya mtu mmoja ale mshahara usio wake, na papo hapo huingia kwenye uwiano wa walimu na wanafunzi wa wilaya, kisha wa mkoa, kisha wa taifa, hadi ofisa anayepanga mahali pa kupeleka walimu wapya akaiona shule hiyo kuwa imetosheka.

Takwimu hewa ina ndugu wawili ambao hufananishwa nayo, na ni vyema kuwatenganisha. Wa kwanza ni takwimu ya kupikwa, ambayo kitu kilipimwa kweli lakini jibu likabadilishwa kabla ya kutangazwa. Argentina ni mfano unaojulikana: kuanzia mwaka 2007 serikali iliingilia kazi za taasisi ya takwimu ya nchi hiyo, INDEC, na kwa miaka kadhaa mfumuko rasmi wa bei ukawa unatangazwa kuwa karibu asilimia 10, wakati wachumi wa nje ya serikali walikuwa wakipata zaidi ya asilimia 20. Shirika la Fedha la Kimataifa liliikaripia rasmi nchi hiyo mwezi Februari 2013, hatua ambayo halikuwa limewahi kuichukua dhidi ya mwanachama kwa sababu ya takwimu. Wa pili ni takwimu potofu, ambayo namba ni halali mahali ilipozaliwa lakini imepelekwa ilipokuwa haikukusudiwa. Washiriki wa semina za uongozi na mauzo wamesikia mara nyingi kwamba maneno ni asilimia 7 tu ya mawasiliano, sauti asilimia 38 na mwonekano wa uso asilimia 55. Tarakimu hizo zinatokana na majaribio ya mwanasaikolojia Albert Mehrabian yaliyochapishwa mwaka 1967, yaliyohusu jinsi msikilizaji anavyobaini hisia pale ambapo neno linapingana na sauti au uso wa msemaji, na Mehrabian mwenyewe ameeleza kuwa hazihusu mawasiliano yote. Kama zingehusu mawasiliano yote, msikilizaji wa redio asingeambulia hata nusu ya taarifa ya habari.

Takwimu ya kupikwa humhitaji mpishi, mtu anayejua jibu la kweli na kulificha. Takwimu hewa haina ulazima huo, na ndiyo maana ni vigumu zaidi kuikamata, kwa kuwa inaweza kukua mikononi mwa watu wengi ambao hakuna hata mmoja kati yao aliyekusudia kudanganya.

Mfano ulio karibu nasi, na ambao unastahili kuangaliwa kwa makini, ni idadi ya wakazi wa Kibera, Nairobi. Kwa miaka mingi ripoti za mashirika, magazeti ya nje na hotuba za wageni zilieleza kuwa Kibera ina watu milioni moja, nyingine zikaipandisha idadi hiyo zaidi, na karibu zote zikaongeza kuwa huo ndio mtaa wa mabanda mkubwa kuliko yote Afrika. Sensa ya Kenya iliyofanyika Agosti 2009, ambayo matokeo yake yalitangazwa mwaka uliofuata, iliwakuta watu 170,070. Watafiti wa taasisi ya Kifaransa ya IFRA iliyopo Nairobi walifikia makadirio ya takriban watu 200,000 kwa njia yao wenyewe. Mradi wa Map Kibera ulihesabu nyumba kwa nyumba katika kijiji kimoja, Kianda, na kwa kutumia matokeo hayo ukakadiria kuwa eneo zima lina watu kati ya 235,000 na 270,000.

Ni halali kabisa kubishana juu ya namba hizi tatu. Inawezekana sensa iliwakosa wapangaji waliokuwa kazini au waliokataa kuhesabiwa. Inawezekana pia Kianda imebanana kuliko vijiji vingine, au kinyume chake. Na mipaka ya Kibera yenyewe huchorwa tofauti kulingana na anayechora. Lakini huo ni ubishi baina ya namba zenye wazazi. Ile milioni moja haikuwa na mahali pa kubishiwa, kwa kuwa aliyeitafuta asili yake alipelekwa kwenye ripoti iliyonukuu ripoti nyingine, nayo ikanukuu nyingine, bila kufika kwa mtu aliyewahi kubisha hodi katika nyumba hata moja akiwa na karatasi mkononi.

Jambo la kushangaza ni kwamba hesabu ya darasani ingetosha kuitilia shaka. Kibera ina eneo la takriban kilomita za mraba 2.5, yaani mita za mraba milioni mbili na nusu. Ukiwagawia watu milioni moja, kila mmoja anapata mita za mraba mbili na nusu, na ndani ya hizo lazima zitoke njia, mitaro, reli inayokatiza katikati, shule, makanisa, misikiti na maduka, katika mtaa ambao sehemu kubwa ya nyumba zake ni za mabati na udongo zisizo na ghorofa. Hata kwa hesabu ya sensa, msongamano ni wa karibu watu 68,000 kwa kilomita ya mraba, kiwango ambacho kwa yeyote mwenye macho ni kikubwa mno na hakihitaji kutiwa chumvi.

Kwa nini basi ilidumu? Kwa sababu ilimfaa kila aliyeigusa. Mwombaji wa ufadhili alipata sababu nzito, mfadhili akapata kishindo katika taarifa yake, mwandishi wa habari akapata kichwa cha habari, mwanasiasa akapata wapigakura wengi wa kuwasemea, na hakukuwa na mtu aliyejiona ameibiwa. Hapo ndipo takwimu hewa inapoachana na mtumishi hewa: huyu akigunduliwa, kuna fedha za kudai na mtu wa kushtaki, lakini namba hewa ikigunduliwa huachwa tu kutajwa, na mara nyingi hata hilo halifanyiki. Hasara, hata hivyo, ipo. Anayepanga vyoo, mabomba ya maji na zahanati kwa idadi iliyozidi halisi mara tano au sita atakata tamaa kabla ya kuanza, au atajenga na kisha kuonekana ameshindwa, kwa sababu alichojenga kitagawanywa kwa watu ambao hawapo.

Sensa hiyohiyo iliyoifuta milioni ya Kibera haikusalimika. Siku ya kutangaza matokeo, Waziri wa Mipango Wycliffe Oparanya alieleza kuwa hesabu za wilaya nane za kaskazini na kaskazini mashariki, zikiwemo za Mandera na Turkana, zimefutwa, kwa kuwa ongezeko lake la watu halikuweza kuelezwa na uzazi na vifo. Viti vya bunge na mgawo wa fedha za serikali hufuata idadi ya watu, hivyo wengi walikuwa na sababu ya kutaka idadi ipande, kama ambavyo wapinzani wao walikuwa na sababu ya kutaka ishuke. Uamuzi huo ulipingwa vikali na viongozi wa maeneo hayo. Kwa mada yetu, funzo ni la kiufundi: kinachoruhusu kubishana ni kwamba kulikuwa na madodoso, makarani na maeneo ya kuhesabia, ambavyo mtu angeweza kuvirudia na kuvikagua.

Mahali pengine takwimu hewa ilisababisha maafa makubwa. China mwaka 1958, katika kampeni ya Mao Zedong iliyoitwa Hatua Kubwa Mbele, viongozi wa wilaya na wa jumuiya za wakulima walishindana kutangaza mavuno ya ajabu, na ushindani huo ukaitwa kurusha setilaiti, kwa kufuata umaarufu wa Sputnik iliyorushwa na Wasovieti mwaka uliotangulia. Mavuno ya nafaka ya nchi nzima yalitangazwa kuwa tani milioni 375, na baadaye yakashushwa hadi karibu tani milioni 200. Shehena iliyotangazwa haikuwepo ghalani, lakini kiasi cha nafaka ambacho serikali ilichukua vijijini kilipangwa kwa kuitegemea, kwa hiyo kilichochukuliwa kikawa ni chakula halisi cha wakulima. Njaa iliyofuata, ambayo ilikuwa na sababu nyingine pia, iliua mamilioni ya watu.

Mara nyingi takwimu hewa hujitambulisha kwa jinsi inavyosafiri. Haitaji mwaka, au hubaki vilevile kwa miongo mingi ilhali dunia inabadilika. Kitu kinachohesabiwa nacho hubadilishwa njiani bila namba kubadilika. Mpango wa utekelezaji wa mkutano wa wanawake wa Umoja wa Mataifa uliofanyika Copenhagen mwaka 1980 ulisema kuwa wanawake wanamiliki chini ya asilimia 1 ya mali ya dunia, bila kuonyesha utafiti ulioleta tarakimu hiyo. Baadaye mali ikageuka kuwa ardhi, na ile asilimia 1 ikabaki, hadi leo inasikika katika warsha za Dodoma na Nairobi. Tafiti za kaya zinazouliza umiliki wa ardhi katika nchi za Afrika hupata viwango vya wanawake vilivyo juu ya hapo kwa mbali, ingawa bado viko chini ya vile vya wanaume. Kwa maoni yangu, mtetezi wa haki za ardhi anajidhoofisha anapoishika ile asilimia 1, kwa kuwa mpinzani wake akiipangua hatasubiri kusikia zile za kweli.

Hata hivyo, makadirio si takwimu hewa kwa sababu tu ni makadirio. Chukua idadi ya wanaozungumza Kiswahili. UNESCO, ilipoitangaza tarehe 7 Julai kuwa Siku ya Kiswahili Duniani mwaka 2021, ilitaja wazungumzaji zaidi ya milioni 200, wakati makadirio mengine huishia chini ya milioni 100. Tofauti hiyo kwa sehemu kubwa inatokana na swali la nani anahesabiwa kuwa mzungumzaji: aliyezaliwa nacho, anayekitumia sokoni, au anayeelewa tangazo la redio. Anayetaja milioni 200 na kueleza amemhesabu nani ametoa makadirio yanayoweza kupimwa. Anayeitaja kwa kujisifu tu, bila maelezo hayo, anaisogeza kuelekea upande wa hewa, hata kama ni lugha yetu sote na tungependa iwe kweli.

Neno hili pia lina uzito wa tuhuma, na katika Tanzania uzito huo umewahi kuwa wa kisheria. Sheria ya Takwimu ya mwaka 2015 ilirekebishwa mwezi Septemba 2018, ikawa ni kosa kutangaza takwimu zenye lengo la kubatilisha, kupotosha au kudhalilisha takwimu rasmi. Benki ya Dunia na asasi za kiraia zilipinga, na Juni 2019 Bunge lilirekebisha sheria hiyo tena na kuliondoa katazo hilo. Kwa msemaji makini, kuita takwimu ya ofisi yoyote kuwa ni hewa ni kudai jambo mahususi, kwamba zoezi la kuhesabu halikufanyika. Kama anachomaanisha ni kwamba sampuli ilikuwa ndogo, au kwamba swali la dodoso liliulizwa vibaya, basi aseme hivyo, na ofisi husika ijibu kwa kuonyesha dodoso, sampuli na tarehe.