Je, wajua kwa nini balozi wa nchi yenye vita huishi nchi jirani?

Ukikaa Mkunguni alasiri, pale mbele ya ngome ya Lamu, habari za Somalia hazikosi kutajwa. Si ajabu: Kiunga imepakana nayo, na Wabajuni wengi wana ndugu zao Kismayu. Lakini jambo moja limewatatiza watu miaka nenda miaka rudi. Redio inamtaja balozi wa nchi fulani nchini Somalia, kumbe mwenyewe anaishi Nairobi. Balozi gani asiyekaa alikotumwa?

Jibu liko kwenye kinga yake. Mkataba wa Vienna wa 1961 unasema balozi hakamatwi, ofisi yake haingiwi bila ruhusa yake na mfuko wake wa barua haufunguliwi. Wahenga walishasema mjumbe hauawi. Ila soma ibara ya 22 na ya 29 kwa makini uone nani amepewa kazi ya kumlinda: ni serikali ya nchi aliyopelekwa, si nchi yake. Serikali hiyo ikianguka, mkataba unabaki vilevile, lakini hakuna askari wa kuutekeleza.

Ndivyo ilivyokuwa Mogadishu, Januari 1991, utawala wa Siad Barre ulipokuwa unaporomoka. Balozi wa Marekani, James Bishop, aliwakusanya ndani ya ua wa ubalozi wake watu wa mataifa mbalimbali, hata balozi wa Urusi ya Kisovieti na watu wake, na Vita Baridi vilikuwa havijaisha rasmi. Helikopta za jeshi la wanamaji zikaja kuwachukua usiku kutoka baharini. Zoezi likiendelea, afisa mmoja wa Kisomali akatokea langoni na wapiganaji wake, ameshika guruneti, anataka lisimamishwe. Bishop hakumsomea ibara yoyote. Alimshika kwa mazungumzo, akamwahidi maelfu ya dola na ufunguo wa gari lake, hadi watu wakamalizika kuondoka. Waliookolewa walikuwa 281. Huku nyuma ubalozi ukavamiwa na wenye bunduki.

Kwa maoni yangu, saa zile zinaieleza kazi ya ubalozi kuliko dhifa na suti zote.

Baada ya hapo, balozi angemkabidhi nani hati zake za utambulisho? Kwa miaka kadhaa Mogadishu haikuwa na rais anayetambulika. Mazungumzo ya amani yenyewe yalifanyika Kenya, kwanza Eldoret kisha Mbagathi, Nairobi, ambako yalisimamiwa na Balozi Bethuel Kiplagat wa Kenya, na Oktoba 2004 wabunge wa Somalia walimchagua Abdullahi Yusuf kuwa rais hapo hapo Nairobi. Ikiwa rais wa nchi anachaguliwa ugenini, balozi kukaa huko si kioja tena. Ndiko walikokuwa watu wa kuzungumza nao.

Mabalozi walianza kurejea taratibu. Uturuki ilifungua ubalozi Mogadishu mwaka 2011, Uingereza 2013, na Marekani ikarudi kukaa moja kwa moja mwishoni mwa 2018. Waingereza na Wamarekani walijenga ndani ya eneo la uwanja wa ndege, nyuma ya kuta za zege. Mke, mume na watoto hubaki nyumbani. Kwenda kikao mjini ni fulana ya chuma, gari lisilopenywa na risasi na msafara wa walinzi, na kikao chenyewe kinaweza kufutwa asubuhi ile ile.

Tatizo ni kwamba ukuta unaozuia risasi unazuia na habari. Bei ya unga sokoni, mtaa upi umeingia mikononi mwa kundi jingine jana, mzee yupi anasikilizwa: hayo balozi huletewa na wenyeji aliowaajiri, yaani wafasiri, makarani na madereva. Hao jioni hurudi makwao nje ya kuta. Na kwa mujibu wa mkataba ule ule, ibara ya 38, mwajiriwa wa nchi hiyo hana kinga ila ile ambayo serikali yake imekubali kumpa. Mwenye hatari kubwa ndiye mwenye kinga ndogo, na hilo halisemwi vya kutosha.

Lamu tunaujua upande mwingine wa kazi ya ubalozi. Baada ya wageni kutoka Ulaya kutekwa Kiwayu na Manda mwaka 2011, balozi zilitoa tahadhari za usafiri. Tahadhari si sheria, hakuna anayemkataza mtalii kupanda ndege. Ila kampuni nyingi za bima hukataa kumlipa aliyekwenda mahali ambapo serikali yake imemwonya asiende, na mawakala wengi wa safari hukwepa kumuuzia mteja safari isiyo na bima. Kwa hiyo aya moja iliyoandikwa na ofisa wa ubalozi inatosha kuacha vyumba vya hoteli za Shela vitupu na manahodha wa majahazi wakilala gatini msimu mzima, hata kama siku hiyo mjini watu wanakunywa kahawa zao kwa amani.