Siyo kila asiye steringi ni ekstra

Juzi tena, tunaangalia kwenye simu vipande vya zamani vya M*A*S*H, ile tamthilia ya Kimarekani ya madaktari wa jeshi kwenye vita vya Korea, mtu akasema yule mzee kanali ni "ekstra mkali sana". Ekstra! Nimeshaisikia hii mara nyingi mno, naomba leo tuiweke sawa.

Yule jamaa, Harry Morgan, aliyeigiza kama Kanali Potter, ni mwigizaji wa uhusika. Yaani mtu ambaye kazi yake ni kutengeneza watu, leo huyu kesho yule, kila mmoja na sauti yake na mwendo wake na vituko vyake, na mara nyingi wewe sura unaikumbuka ila jina lake hulijui. Maana ni hiyo tu.

Nadhani mkanganyiko unaanzia kwenye neno steringi. Wengi wanaamini limetokana na steringi ya gari, kwamba jamaa ndo kashika usukani wa muvi. Inaingia akilini lakini siyo. Limetoka kwenye posta na yale maandishi ya mwanzo wa filamu, pale Kiingereza kinapoandika starring halafu jina la mtu, masikio yetu yakalipokea hivyo na likabaki. Ndani yake kuna nyota, hakuna gari. Sasa tukishamjua steringi, yule anayepigwa risasi mia na hafi, waliobaki wote tunawatupa kapu moja tunawaita ekstra, wakati ekstra ni yule anayepita nyuma na trei ya vinywaji, hana hata mstari mmoja wa kusema.

Halafu kuna mwigizaji msaidizi, na hapa ndo naumia zaidi maana hata wanaojua filamu wanachanganya. Usaidizi ni nafasi kwenye stori, uko karibu kiasi gani na katikati. Uhusika ni aina ya ufundi. Angalia maneno yenyewe: mwigizaji anatokana na kuiga, mhusika anatokana na kuhusu, neno lenye asili ya Kiarabu, yaani ni yule ambaye mambo ya hadithi yanamhusu. Kanali Potter ni mhusika, Harry Morgan ni mwigizaji, na ukisema "Potter ameigiza vizuri" umemsifia mtu ambaye hayupo na aliyefanya kazi umemuacha.

Na huyo Morgan kafanya kazi kwelikweli. Mwaka 1952 kwenye filamu ya High Noon ni yule rafiki anayejificha ndani na kumtuma mke wake akaseme hayupo nyumbani, dakika chache tu lakini ile aibu unaibeba mpaka mwisho. 1967 mpaka 1970 ni Bill Gannon kwenye Dragnet, mpelelezi mpole anayeongelea misosi huku mwenzake kakaza uso. Kwenye M*A*S*H yenyewe aliingia mara ya kwanza 1974 kama jenerali aliyerukwa na akili, kipindi kimoja tu, na mwaka uliofuata wakamrudisha kwenye tamthilia ileile kama Potter, mtu tofauti kabisa, akakaa mpaka ilipoisha 1983. Sura ileile, kambi ileile, na watu wakamkubali! Mimi hapo huwa nasimamisha video naangalia tena macho yake, maana ya yule jenerali na ya Potter utadhani ni ya watu wawili.

1980 akapewa Emmy, tuzo ya televisheni ya Marekani, ya mwigizaji msaidizi, ndo maana watu wanadhani ni kitu kimoja. Lakini rudi nyuma kidogo. Kwenye December Bride, miaka ya 1950, alikuwa Pete, jirani anayemlalamikia mke wake Gladys ambaye watazamaji hawakuwahi kumuona. Pete akapendwa mpaka wakampa tamthilia yake, Pete and Gladys, 1960 hadi 1962, safari hii Gladys anaonekana na Pete ndo yuko mbele. Hapo alikuwa steringi, na bado alikuwa mwigizaji wa uhusika, ufundi haukubadilika, nafasi tu ndo ilibadilika.

Alizaliwa Detroit 1915, akafariki 2011 akiwa na miaka 96. Kwa hiyo ndugu yangu, ukimuona tena yule kanali sema mwigizaji wa uhusika, au kama ni refu mwite tu Harry Morgan.