Akaunti iliyofungiwa kwa upelelezi: yanayosemwa Kibirizi na yaliyomo sheriani

Mfanyabiashara wa dagaa wa Kibirizi, mjini Kigoma, anapoambiwa kaunta kwamba akaunti yake imefungiwa kwa maelekezo ya wapelelezi, walio nyuma yake kwenye foleni humpa pole kana kwamba fedha zimekwishataifishwa. Sivyo. Kuzuia akaunti ni kuhakikisha fedha hazihamishwi wakati upelelezi au kesi inaendelea, na umiliki haujabadilika; kutaifisha ni hatua nyingine, inayohitaji amri ya mahakama. Ibara ya 24 ya Katiba ya mwaka 1977 inalinda haki ya kumiliki mali, na ibara ya 13(6)(b) inakataza mshtakiwa kutendewa kama mwenye hatia kabla hatia hiyo haijathibitika.

Wapo wanaomgeuzia kibao meneja wa tawi, wakidhani ukimya wake ni hila. Sheria ya Kudhibiti Fedha Haramu ya mwaka 2006 inawakataza watumishi wa benki kumdokezea mteja kwamba muamala wake umeripotiwa kuwa wa kutiliwa shaka. Hata hivyo, hakuna kinachomzuia mteja kuandika barua akiuliza nani ameagiza zuio, lini, na chini ya sheria ipi. Barua hiyo ndiyo ninayoipa uzito kuliko yote, kwa sababu njia ya kupinga hutegemea majibu yake: amri ya mahakama iliyoombwa na Mkurugenzi wa Mashtaka hupingwa kwa njia moja, barua ya mpelelezi kwa nyingine, na fedha zilizoshikwa na Mamlaka ya Mapato (TRA) kwa deni la kodi huenda hazihusiani na jinai hata kidogo. Wakili asiyejua zuio limetoka wapi anabahatisha tu.

Dhana inayogharimu zaidi ni ile kwamba zuio huisha lenyewe baada ya siku 90. Imeletwa na habari za Kenya, ambako amri ya kuhifadhi mali chini ya sheria yao ya mwaka 2009 hudumu kwa siku hizo, na wasikilizaji wa huku wakaichukua kuwa kanuni ya kila mahali. Anayekaa Kigoma akihesabu siku za sheria ya Kenya anapoteza muda wake mwenyewe: akitaka Mahakama Kuu ifanye mapitio ya uamuzi wa chombo cha umma, kibali cha kufungua maombi hayo huombwa ndani ya miezi sita tangu uamuzi utolewe.

Husemwa pia kwamba amri ikishatolewa, hata ada ya shule haitoki. Sheria ya Mazalia ya Uhalifu (yaani mali itokanayo na uhalifu) ya mwaka 1991 inairuhusu mahakama, inapotoa amri ya zuio, kuruhusu sehemu ya fedha itumike kwa matunzo ya mhusika na wanaomtegemea, gharama halali za biashara, na utetezi wake mahakamani. Lakini jambo hilo huombwa, na huombwa kwa hati ya kiapo yenye vielelezo. Kusema "mimi ni mfanyabiashara halali" hakumsaidii jaji. Kinachomsaidia ni kila ingizo kubwa kwenye taarifa ya benki kuwekwa pamoja na karatasi zake: risiti ya magunia ya dagaa, nyaraka za forodha za mzigo uliovuka ziwa kwenda Kalemie, Kongo, na kiapo cha mnunuzi aliyetuma fedha. Ingizo moja lisilo na maelezo laweza kuyatia shaka yote yaliyoelezwa vizuri.

Kukimbilia kesi ya kikatiba nako si mkato, kwani Mahakama Kuu hairuhusiwi kutumia mamlaka yake ya kusikiliza kesi hiyo ikiwa ipo nafuu ya kutosha chini ya sheria nyingine.

Na si kweli kwamba mshukiwa peke yake ndiye mwenye sauti. Mwenza wa akaunti ya pamoja, au kikundi cha kukopeshana ambacho fedha zake zilikuwa zikipitia kwa mhazini wake, anaweza kuiomba mahakama itambue masilahi yake, ilimradi daftari la michango lioneshe nani aliweka nini na lini.