Sharti la Kazi Likikuumiza, Lipinge Kabla Majina Hayajatoka

Kila majina ya waliofaulu usaili wa kazi za umma nchini Kenya yanapochapishwa, malalamiko hufurika mezani petu. Mengi huja yamechelewa. Mtu alisoma sharti la umri siku ile tangazo lilipotoka, akanyamaza, akatuma maombi, na leo jina lake halimo ndipo anauliza kama sharti lile lilikuwa halali. Ukichelewa hivyo, jaji atataka kujua ulikuwa wapi.

Si kila sharti linalokufungia nje ni ubaguzi. Tumelisema hili mara nyingi. Ibara ya 27 ya Katiba inakataza kumbagua mtu kwa umri, jinsia, ujauzito, ulemavu, dini au kabila, lakini Sheria ya Ajira inamruhusu mwajiri kutofautisha watu pale kazi yenyewe inapodai hivyo. Dereva lazima awe na leseni. Barua za kulipinga hilo zinatupotezea muda sote. Lakini karani wa masjala akidaiwa awe chini ya miaka 30, ni haki yako kuuliza umri unahusiana vipi na kupanga faili. Mbele ya mahakama, mzigo wa kuthibitisha kwamba hakubagua ni wa mwajiri, si wako. Kadhalika, kifungu cha 65 cha Sheria ya Serikali za Kaunti kinataka angalau asilimia 30 ya nafasi za kuanzia kazi ziende kwa watu wasiotoka katika jamii iliyo kubwa zaidi kaunti hiyo. Hiyo ni sheria, wala si upendeleo wa afisa fulani.

Kuhusu vyeti, wananchi wana haki kulalamika. Tangu marekebisho ya Sheria ya Ajira ya mwaka 2022, mwajiri hapaswi kukudai cheti cha tabia njema, cha HELB (bodi ya mikopo ya elimu ya juu), cha KRA (mamlaka ya mapato) au cha EACC (tume ya maadili na kupambana na ufisadi) kabla hajakusudia kukupa mkataba. Kijana asiye na kazi hapaswi kukopa nauli na ada za vyeti ili tu ahesabiwe miongoni mwa maelfu ya waombaji. Tangazo likivitaka mapema, mwandikie mwajiri mara moja.

Utaratibu wa kupinga ni huu. Mwandikie mwajiri barua, omba sababu za uamuzi chini ya Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya 2015, na hakikisha nakala yako imegongwa muhuri wa kupokelewa. Wana siku 30 kukujibu kwa maandishi. Wakikaa kimya, sheria inachukulia kwamba uamuzi haukuwa na sababu nzuri, mpaka wathibitishe vinginevyo. Kama aliyeamua ni bodi ya utumishi wa umma ya kaunti, rufaa yako inakwenda Tume ya Utumishi wa Umma, kwa maandishi, ndani ya siku 90. Baada ya hapo ndipo uende Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi. Ukiruka ngazi, kesi inaweza kutupwa kabla hoja zako hazijasikilizwa.

Usitarajie jaji akukabidhi kazi. Mwaka 2014 Mahakama Kuu ilifuta usajili wa makurutu 10,000 wa polisi, na Mahakama ya Rufani ikaunga mkono uamuzi huo mwaka 2015. Hakuna aliyepewa sare siku hiyo. Zoezi lilitakiwa kurudiwa.

Wapo pia wanaoona njia ya mkato ni kubadilisha tarehe ya kuzaliwa au alama kwenye cheti. Kughushi hati kunaweza kukufunga hadi miaka 3, na mishahara uliyokwisha kulipwa inaweza kudaiwa irudishwe.

Juzi kijana mmoja alituletea malalamiko yenye hoja nzito. Ushahidi wake ulikuwa picha ya tangazo kwenye simu, imekatwa juu. Nambari ya tangazo haipo, tarehe haipo, na kwenye tovuti ya mwajiri lilikuwa limeshaondolewa. Tangazo lihifadhi lote, ukurasa mzima, siku ile ile unapolisoma.