Je, wajua? Neyyire Neyir alicheza filamu kabla Jamhuri ya Uturuki haijazaliwa

Ukiuliza ni lini wanawake Waislamu wa Kituruki walianza kuonekana kwenye filamu, mara nyingi utajibiwa hivi: Mustafa Kemal Atatürk alitangaza jamhuri, sheria zikabadilika, wanawake wakaingia sinema. Jibu hilo linaingia akilini, ila tarehe zinalikataa. Filamu ya Ateşten Gömlek, aliyocheza mwigizaji Neyyire Neyir, ilianza kuonyeshwa Istanbul Aprili 23, 1923. Jamhuri ilitangazwa Oktoba 29, miezi sita baadaye. Tena mwezi huo wa Aprili majeshi ya Uingereza, Ufaransa na Italia yalikuwa bado yameukalia mji. Watu walitazama hadithi ya vita vyao vya ukombozi huku askari wa kigeni wakipita barabarani! Na Julai 1923 Bedia Muvahhit, mmoja wa wanawake wawili wa filamu hiyo, alipanda jukwaani Izmir mbele ya Mustafa Kemal mwenyewe. Jamhuri iliwakuta kazini.

Wa pili ndiye Neyyire Neyir, ambaye jina lake halisi lilikuwa Münire Eyüp.

Kabla yao nafasi za wanawake zilichezwa hasa na Waarmenia na Wagiriki. Kwa nini wao waruhusiwe? Chukua dola ya Kiosmani, iliyoitangulia jamhuri, kama nyumba ya kupanga. Kila mpangaji ana taratibu zake chumbani mwake: ndoa, mirathi, binti atoke na nani. Mwenye nyumba haingilii maadamu kodi inalipwa na ua umetulia. Lakini naye ana chumba chake humohumo, na heshima ya chumba hicho anaihesabu kuwa heshima ya nyumba nzima. Basi binti wa Kiarmenia akipanda jukwaani, hilo ni shauri la wazazi wake na kanisa lake. Akipanda binti wa Kiislamu, polisi wanakuja. Ndivyo ilivyomkuta Afife Jale, mwigizaji Mwislamu aliyethubutu kupanda jukwaani Kadıköy, mtaa wa Istanbul, mwaka 1920 akaishia kuandamwa na polisi.

Kilichofungua mlango wa filamu ni sharti la mwandishi. Halide Edip, aliyekuwa amejiunga na jeshi la ukombozi, alikubali riwaya yake itengenezwe filamu ikiwa wanawake wake watachezwa na Waturuki Waislamu. Lugha haikuwa sababu, kwani filamu zilikuwa bubu na lafudhi haisikiki. Alitaka mwanamke wa vita vile aonekane kwa sura yake mwenyewe. Mwongozaji Muhsin Ertuğrul akampata Bedia, mke wa mwigizaji mwenzake, awe Ayşe. Kwa nafasi ya Kezban, inasimuliwa kwamba tangazo lilitolewa gazetini na aliyejitokeza ni Münire peke yake. Nadhani filamu ilisaidia pia kwa namna yake: mwigizaji anafanya kazi bila watazamaji mbele yake, na siku ya maonyesho hakuna mtu wa kushushwa jukwaani.

Baada ya hapo maisha ya Neyyire yalikuwa zaidi ya tamthilia kuliko sinema. Mwaka 1929 aliolewa na Muhsin Ertuğrul, na miaka ya 1940 wakachapisha pamoja jarida la sanaa, Perde ve Sahne. Alifariki mwaka 1943. Bedia aliishi hadi 1994, akiigiza mpaka uzeeni, na ndiyo maana jina lake ndilo linalotajwa kwanza kila filamu ile inapozungumzwa.