Nuru ya Suhrawardi si mfano

Kila muhula ninapofundisha falsafa ya Ishraki, yaani falsafa ya nuru ya Suhrawardi, wanafunzi huniuliza swali lile lile: "Mwalimu, hii nuru anayoitaja ni mfano tu, sivyo?" Sivyo. Ukiichukua kuwa mfano, mengine yote aliyoyaandika yatakuponyoka.

Mwanafalsafa Shihab al-Din Suhrawardi alizaliwa mwaka 1154 kaskazini-magharibi mwa Iran ya leo, akauawa Aleppo, Syria, mwaka 1191 kwa amri ya Sultani Salah al-Din, kabla hajatimiza miaka arobaini. Kitabu chake kikuu, Hikmat al-Ishraq, alikimaliza mwaka 1186. Ishraq ni ndugu wa neno letu mashariki: ni kule kuchomoza kwa jua, saa ambayo vitu vinaanza kuonekana. Msomaji wa Kiswahili ana bahati hapa, kwa kuwa maneno mengi ya fani hii anayo tayari mdomoni: nuru, dhahiri, nafsi, hudhuria.

Alianzia kwenye fasili. Wafuasi wa Aristotle, mwanafalsafa wa Kiyunani wa kale, walifundisha kwamba kukijua kitu ni kukifasili, kwa mfano kusema kuwa mtu ni mnyama mwenye akili. Suhrawardi akaona ufa. Anayepewa fasili hiyo lazima awe anajua tayari mnyama ni nini na akili ni nini. Hayo nayo yafasiliwe kwa yapi? Msururu huo hauna budi kukoma penye jambo lililo dhahiri lenyewe, lisilongoja kuelezwa na jingine. Na hakuna, anasema, kilicho dhahiri kuliko nuru.

Basi nuru kwake ndiyo jina la kudhihirika kwenyewe. Mwanga wa jua na wa moto ni nuru kweli, lakini ya daraja la chini: unawadhihirikia wengine, wenyewe haujijui. Iliyo juu yake ni nuru inayojidhihirikia. Nafsi yako ni mojawapo. Kutoka hapo ngazi inapanda hadi Nuru ya Nuru, ambayo ndiyo Mungu, na nuru hizi zote hazitofautiani kwa asili bali kwa ukamilifu na upungufu tu. (Kuhusu malaika na safu zao sitasema kitu leo, ni bahari nyingine.)

Hoja ninayoipenda kuliko zote ni ile ya kujijua. Wengi walidhani kwamba kujua ni kuwa na sura ya kitu akilini. Tuseme basi nawe unajijua kwa sura yako. Fikiria umepewa picha ya mtu nawe hujapata kujijua hata kidogo, si uso wala sauti wala kwamba upo. Utatambuaje kuwa huyo wa pichani ni wewe? Ili useme "huyu ni mimi" lazima "mimi" awe ameshajulikana kabla ya picha. Tena sura ni "ile", haiwezi kuwa "mimi". Kwa hiyo nafsi haijijui kwa sura. Inajijua kwa kuwepo kwake tu, bila kitu kati. Hii ndiyo elimu ya hudhuri. Jino likikuuma huna picha ya maumivu unayoilinganisha na maumivu: yapo, nawe unayajua kwa kuwa yapo. Suhrawardi mwenyewe anasimulia kwamba suala la elimu lilimtaabisha mno, hadi akamwona Aristotle katika ndoto akimwambia airudie nafsi yake.

Sasa macho. Wapo waliosema miale hutoka jichoni ikavigusa vitu, na wapo waliosema sura ya kitu hujichapa ndani ya jicho. Suhrawardi akazikataa zote mbili. Mlima mzima utajichapa vipi katika mboni? Kwake, kuona kunatokea pale kitu chenye nuru kinapokabiliana na jicho zima bila hijabu katikati. Hapo nafsi inakihudhuria kitu chenyewe, si nakala yake.

Kwa upande wa fizikia, hapa alikosea, na ni vizuri kulisema waziwazi. Ibn al-Haytham, mwanasayansi aliyechunguza mwanga, zaidi ya karne moja kabla yake, alikwisha kuonyesha kwamba mwanga huingia jichoni. Alitaja hata namna jicho linavyoumia likitazama mwanga mkali. Mwaka 1604 mnajimu Kepler akaeleza kwamba taswira hujengeka kwenye retina, utando ulio nyuma ya jicho, imepinduliwa juu chini. Mlima, basi, unaenea mbonini bila taabu. Lakini retina haijui kwamba ina mlima. Ukisema kuna mwingine ndani anayeitazama taswira hiyo, huyo naye anaionaje? Tunarudi kwenye msururu ule ule wa fasili, na jibu la hudhuri linabaki mezani.

Kuna kipengele kidogo ambacho wasomaji hukiruka. Ukifumba jicho, ukope uko karibu nalo kuliko kitu chochote, na bado huuoni. Anachokieleza Suhrawardi ni kwamba ukaribu uliozidi unazuia kuona kwa sababu kinachoonwa lazima kiwe na nuru au kimulikwe, na ukope uliofumba haumulikwi. Nauweka ukope huo kando ya nafsi. Nafsi iko karibu nayo yenyewe kuliko ukope ulivyo karibu na jicho, wala haijifichi, kwa kuwa haingoji taa ya kutoka nje.