Dematomu ni nini? Maswali na majibu kuhusu mikanda ya ngozi, mkanda wa jeshi na ganzi

Mwezi huu kuna dada alikuja kwangu na karatasi ya hospitali mkononi, macho mekundu, hajalala siku mbili. Kwenye karatasi daktari kaandika kwamba malengelenge yake yamefuata dematomu ya T5 upande wa kulia, na yeye hakuuliza palepale, kaenda nalo nyumbani hilo neno likamtafuna usiku kucha akidhani ni aina ya kansa. Mimi ni nesi, nimekaa wodini na nimekaa chumba cha upasuaji, na hili neno nalisikia kila siku mpaka nilisahau kwamba kuna watu linawatisha. Tangu siku ile nimeulizwa na wengine pia, ndo maana nayajibu yote hapa kwa pamoja.

Swali: Sista, kwahiyo dematomu ni ugonjwa au sio ugonjwa?

Sio ugonjwa. Ni jina la eneo la ngozi, kama tunavyosema kata au mtaa. Ngozi yako yote kuanzia kisogoni mpaka nyayo imegawanywa vipande, na kila kipande kinapokea hisia, yani maumivu, joto, baridi, mguso, kupitia jozi moja ya neva inayotoka kwenye uti wa mgongo. Hicho kipande ndo dematomu. Mtu akiandikiwa dematomu fulani maana yake daktari ameonesha mahali tu, bado hajataja tatizo.

Neno lenyewe ni la Kigiriki, derma ni ngozi na tome ni kukata, na usilichanganye na dematitisi ambayo yenyewe ni uvimbe na muwasho wa ngozi.

Swali: Mbona ngozi naiona moja tu, hiyo mipaka iko wapi?

Kwa macho huioni, hakuna mstari. Chukua mua. Ukiumenya unaona pingili, pingili, pingili. Na sisi mgongo wetu tunauita hivyohivyo, pingili za uti wa mgongo, na kila penye pingili neva inachomoza kushoto na nyingine kulia. Ya kushoto inazunguka mbavu za kushoto mpaka mbele katikati ya kifua inaishia hapo, ya kulia nayo hivyohivyo upande wake. Kwahiyo kifuani na tumboni dematomu zimekaa kama mikanda iliyopangwa, mmoja juu ya mwingine.

Mikononi na miguuni sasa ndo panachanganya maana mikanda haizungushi, inashuka kwa urefu. Sababu ni kwamba mtoto akiwa tumboni mikono na miguu inachipua kutoka ubavuni na inavyorefuka inaivuta ile ngozi inaenda nayo. Ukitaka kuelewa vizuri piga magoti, weka mikono chini kama mtoto anayetambaa, hapo utaona mikanda inakaa sawa kabisa toka kichwani mpaka makalioni.

Kitu kingine, mipaka inaingiliana. Mkanda mmoja unapanda kidogo juu ya jirani yake, ndo maana neva moja ikikatika mara nyingi mtu hapati ganzi kamili, majirani wanamsaidia. Hata ramani za vitabu hazifanani zote, na mtu na mtu tunatofautiana kidogo.

Swali: Hizo herufi na namba, T5, C6, L4, zinasomwaje?

Herufi ni sehemu ya mgongo, namba ni ya ngapi kuhesabu kutoka juu. C ni shingo, T ni kifua, L ni kiuno, S ni ule mfupa wa chini nyuma ya nyonga. Jozi za neva ziko 31: shingo 8, kifua 12, kiuno 5, S 5, na moja ya mwisho kabisa kwenye kifupa cha mkia. Wengine wataniuliza mbona pingili za shingo ni 7 na neva ni 8, ni kwasababu ile ya kwanza inatokea juu ya pingili ya kwanza na ya nane inatokea chini ya ile ya saba. Na hiyo ya kwanza kwa kawaida haina kipande cha ngozi kabisa.

Zile za kukariri haraka: kidole gumba cha mkono ni C6, cha kati C7, kidole kidogo C8. Usawa wa chuchu T4. Kitovu T10. Kwenye kinena L1. Kidole gumba cha mguu L5, kidole kidogo cha mguu S1, na sehemu za kukalia kabisa kuzunguka haja kubwa ni S3 mpaka S5. Uso haumo humo, uso una neva yake inayotoka kwenye ubongo moja kwa moja na ina matawi matatu, paji, shavu na taya.

Swali: Huyo dada alikuwa na nini sasa?

Mkanda wa jeshi. Na hapa nataka nikae kidogo maana ndo ugonjwa unaoichora dematomu ukaiona kwa macho yako.

Ukiugua tetekuwanga utotoni ukapona, virusi havitoki. Vinakwenda kujificha kwenye kifundo cha neva pembeni ya uti wa mgongo, vinalala hapo miaka 20, miaka 40, wengine mpaka wanakufa havijaamka. Siku kinga ya mwili ikishuka, kwa uzee, kwa VVU, kwa dawa za kansa, kwa kuugua sana, vinaamka kwenye kifundo kimoja na vinatembea na neva ile ile mpaka kwenye ngozi yake. Ndo maana vipele havitapakai mwili mzima kama tetekuwanga, vinajipanga kwenye mkanda mmoja upande mmoja, na vikifika katikati ya mwili vinakatika kama mtu kachora kwa rula. Mwaka 1900 Henry Head na Alfred Campbell, wakifanya kazi Uingereza, walichapisha uchunguzi wao wa wagonjwa wa mkanda wa jeshi, na hivyo vipele ni sehemu ya vitu vilivyosaidia kuchora ramani ya dematomu ya mwanzo mwanzo.

Yule dada alianza na maumivu ya kuunguza ubavuni siku tatu hakuna kipele hata kimoja, akadhani ni kichomi, akanunua dawa za maumivu. Siku ya nne akashindwa kufunga sidiria, kitambaa kikigusa anaruka. Jioni malengelenge yakatoka, kama vitone vya maji vimeganda juu ya ngozi nyekundu, kuanzia mgongoni karibu na uti mpaka chini ya titi, kulia tu.

Sasa sikiliza, dawa ya virusi, asiklovia, inafanya kazi vizuri zaidi ikianzwa ndani ya saa 72 tangu vipele vitoke. Hizo siku tatu ndo watu wanazipoteza kwa kupaka majivu, dawa ya meno, mafuta ya taa, mizizi iliyosagwa, alafu wanakuja kidonda kimeoza. Tafadhali usipake kitu. Osha kwa maji safi, vaa nguo laini isiyobana, nenda kituo cha afya siku hiyohiyo. Na ukishauriwa kupima VVU usikasirike, haina maana kila mwenye mkanda wa jeshi ana VVU, ila kwa kijana ni dalili ambayo hatuwezi kuipita hivihivi.

Ikitokea kwenye paji la uso, hasa kipele kikiwa kwenye ncha ya pua, wahi haraka mno kwa sababu neva inayolisha ncha ya pua inaenda na kwenye jicho, na jicho linaweza kupofuka.

Swali: Bibi yangu anasema mkanda ukizunguka ukakutana mtu anakufa. Kweli?

Hapana mwanangu. Mkanda unafuata neva ya upande mmoja, na neva ya kulia haivuki kwenda kushoto, kwahiyo kwa kawaida hauna namna ya kukutana. Ikitokea kweli vipele viko pande zote mbili au vimetapakaa mikanda kadhaa, hiyo inaonesha kinga iko chini sana na mgonjwa aende hospitali, lakini kinachohatarisha ni hiyo kinga, sio kule kukutana.

Na hauambukizi mkanda wa jeshi kwa mwingine. Ila maji ya malengelenge yakimgusa mtu ambaye hajawahi kuugua tetekuwanga anaweza kupata tetekuwanga, kwahiyo funika, na kaa mbali na wajawazito na vichanga mpaka yakauke.

Swali: Mimi mgongo unauma na vidole vya mguu vinakufa ganzi, hii nayo inahusika?

Inahusika sana. Zile diski zilizoko kati ya pingili, moja ikichomoza inaibana neva, na ganzi unaisikia kule mwisho kwenye ngozi ya neva hiyo. Ganzi ikiwa upande wa juu wa unyayo kuja kidole gumba tunafikiria L5, ikiwa kidole kidogo na ukingo wa nje wa mguu tunafikiria S1. Watu wanakanda mguu kwa miezi, wanachua, wanafunga bandeji gotini, na mguu wenyewe hauna kosa lolote. Ukimuona daktari anakugusa kwa pamba alafu kwa kitu chenye ncha huku umefumba macho usione anapoteza muda, anatafuta ni mkanda upi, na akiupata anajua picha ya mgongo aipige wapi.

Ganzi ikija sehemu zile zinazogusa siti ya baiskeli, na mkojo unagoma kutoka au unatoka bila wewe kujua, hapo usisubiri kesho. Nenda usiku huohuo.

Swali: Kwanini mtu mwenye shida ya moyo anaumwa mkono?

Neva za moyo zinaingia kwenye uti wa mgongo usawa uleule zinapoingia zile za kifua na ngozi ya ndani ya mkono, hapo juu T1 kushuka T4 hivi. Ubongo umezoea kupokea taarifa za ngozi, za moyo haujazizoea, kwahiyo unaona ni mkono. Hata kidole tumbo, kinaanza kuuma kwenye kitovu, T10, baadae ndo maumivu yanahamia chini kulia. Mama yoyote atakuambia mtoto alianza kusema kitovu kinauma akapewa dawa ya minyoo.

Swali: Nilipozaa kwa oparesheni walinipaka kitu cha baridi kifuani wakaniuliza nasikia baridi, walikuwa wanapima nini?

Dematomu! Ile sindano ya ganzi ya mgongo inapanda mkanda kwa mkanda. Kisu kinakata chini ya kitovu lakini ndani ya tumbo kuna neva zinazotokea juu zaidi, kwahiyo tunataka ganzi ifike mpaka usawa wa chuchu. Tunachukua pamba yenye spiriti au kipande cha barafu, tunaanzia chini tunapanda, "mama unasikia baridi hapa? na hapa?" mpaka aseme ndio. Mama akisema vidole vidogo vya mikono vinakufa ganzi tunajua imefika C8, shingoni, na tunakaa macho na pumzi yake maana neva zinazoendesha kiwambo cha kupumulia ni za C3 mpaka C5, hapo juu tu.

Swali: Ganzi ya kisukari na mabaka ya ukoma nayo ni dematomu?

Hapana, na ndo uzuri wa kuijua ramani. Kisukari kinaleta ganzi kama umevaa soksi, miguu yote miwili kuanzia vidoleni kupanda. Ukoma unaleta baka moja moja lisilo na hisia popote pale, halifuati mkanda. Baka likifa ganzi nenda ukapimwe, ukoma unatibika na dawa zake ni bure.

Swali: Nimesikia kuna mashine inaitwa dematomu, wanakosea?

Hawakosei. Ni maana ya pili ya neno, kile kisu maalum cha kuvuna ngozi. Mtoto akiungua na uji wa moto na kidonda ni kirefu, daktari anachukua ngozi nyembamba pajani, chini ya nusu milimita, kwa kisu hicho, anaipandikiza kwenye kidonda. Cha umeme kinalia kama mashine ya kinyozi na ngozi inatoka kama karatasi ya sigara. Earl Padgett wa Marekani ndo alileta kile cha duara mwaka 1939. Wazazi wanaogopa kwamba paja litabaki kidonda, halibaki, wiki mbili hivi linakuwa limejifunika maana mizizi ya vinyweleo imebaki chini.

Maana ya tatu ni ya wanaosoma mimba, ile sehemu ya kiinitete inayotengeneza ngozi ya ndani ya mgongo. Hiyo hutaikuta kwenye cheti chako.

Swali: Nikienda hospitali nisemeje?

Usiseme "mkono wote" au "mguu wote". Kabla hujatoka nyumbani chukua kalamu, zungushia penye ganzi au penye kuunguza, angalia kama ni upande mmoja au yote miwili, kama kidole gumba kimo au hakimo. Piga picha vipele siku ya kwanza vilivyotoka na andika tarehe.

Swali: Yule dada anaendeleaje?

Alianza asiklovia siku ya pili ya vipele, vidonge mara tano kwa siku, simu imewekwa alamu. Malengelenge yamekauka yamebaki makovu meusi chini ya titi. Kuunguza kumebaki kidogo usiku, amepewa dawa ya neva, na wiki iliyopita alinitumia meseji kwamba amevaa sidiria kutwa nzima kazini.